Wosia wa Mzazi na Madai ya Ushawishi Usiofaa: Funzo la Historia kutoka Musoma, Bunda na Butiama

1. Utangulizi

Mchungaji anayetumika katika Mkoa wa Mara, awe mjini Musoma, Bunda au katika vijiji vya Butiama, hupata kuitwa kusuluhisha ndugu wanaogombania maneno ya mwisho ya mzazi wao. Maziko yamekwisha, kikao cha ukoo kimeketi, na karatasi imesomwa. Ndipo mmoja husimama na kusema, "Haya si maneno ya mzee."

Kauli hiyo fupi yaweza kuwa na maana tatu. Ya kwanza ni kwamba karatasi imeghushiwa, yaani mzee hakuandika wala hakutia sahihi. Ya pili ni kwamba aliandika, lakini akili yake ilikuwa imekwisha kuchoka kwa uzee au maradhi. Ya tatu ndiyo ngumu kuliko zote: mzee aliandika, na akili alikuwa nayo, ila nia iliyoandikwa haikuwa yake. Kuna mtu aliyekaa karibu naye, akambana au akamtisha, hata mzee akakubali asichokitaka. Hayo ndiyo madai ya ushawishi usiofaa, nayo ndiyo shabaha ya makala hii.

Tunakusudia kuonyesha jambo moja. Mila, sheria na Maandiko Matakatifu vyote humtaka mke na mtoto wamtunze mzazi katika udhaifu wake. Lakini mtu huyohuyo aliyemwosha, aliyemlisha na kukesha naye ndiye wa kwanza kushukiwa kwamba aliugeuza moyo wake. Kwa hiyo, anayestahili shukrani na anayeshtakiwa mara nyingi huwa ni mtu mmoja. Historia ya wosia katika eneo letu yaeleza jinsi hali hiyo ilivyotokea, na pia yatuonyesha njia ya kuipunguza.

2. Neno la mzee kabla ya karatasi

Mkoa wa Mara una makabila mengi: Wazanaki, Waikizu, Wajita, Wakwaya, Waruri, Wakurya, Wangoreme, Waikoma, Wajaluo na wengineo. Mila zao za urithi hazikuwa za namna moja. Kwa Wakurya, wanaofuata upande wa baba, kila mke alikuwa na nyumba yake, na kila nyumba ilikuwa na ng'ombe wake. Mahari ya binti ilihesabiwa kuwa ya nyumba alimozaliwa, ili ndugu yake wa tumbo moja apate kuoa. Kwa Wakwaya, waishio kando ya ziwa karibu na Musoma, ukoo ulihesabiwa upande wa mama, na mtoto wa dada alikuwa na haki katika mali ya mjomba wake.

Miji ya wazee yaweza kuwa mikubwa sana. Chifu Nyerere Burito wa Butiama, aliyefariki mwaka 1942, alikuwa na wake 22, na mwanawe Julius, aliyekuja kuwa Rais wa kwanza wa Tanganyika, alizaliwa na mke wa tano. Hatuutaji mji huo kana kwamba ulikuwa na ugomvi, bali kuonyesha ukubwa wa kazi iliyomkabili mzee mwenye nyumba nyingi alipotaka kuagiza mambo yake. Kila neno lililoongeza haki ya nyumba moja lilipunguza haki ya nyumba nyingine.

Kwa sababu hiyo, agizo la mzee halikuwa siri kati yake na mtu mmoja. Lilisemwa mbele ya ndugu zake na wazee wa ukoo, na majirani walilisikia. Nguvu yake ilikuwa katika wingi wa masikio. Aliyetaka kulipinga alikuwa na nafasi ya kunena mzee angali hai, na mzee mwenyewe aliweza kujibu. Si kwamba utaratibu huo haukuwa na kasoro. Wanawake mara nyingi walisikiliza bila kupewa nafasi ya kusema, na watoto wa kike hawakuhesabiwa katika ardhi ya ukoo. Lakini katika jambo moja ulikuwa na hekima: ulifanya iwe vigumu kwa mtu mmoja kuuteka moyo wa mzee chumbani.

Wala tusidhani kwamba ushawishi ni jambo jipya. Maandiko yaujua vema. Isaka, macho yake yakiwa yamepofuka, alimbariki mwana ambaye hakukusudia kumbariki, na shauri lile lilitoka kwa mkewe (Mwa. 27). Mfalme Daudi, akiwa mzee asiyeweza kupata joto, alifikiwa chumbani na Bathsheba na nabii Nathani waliokuwa wamekwisha kupatana maneno ya kusema (1 Fal. 1). Torati nayo iliweka mpaka: mtu mwenye wake wawili, mmoja apendwaye na mwingine achukiwaye, hakuruhusiwa kumnyang'anya mzaliwa wa kwanza haki yake kwa kuwa mama yake hapendwi (Kum. 21:15-17). Aliyeiandika sheria hiyo alizijua nyumba za wake wengi. Alijua kwamba upendeleo wa mzee mara nyingi huanzia katika nyumba anamolala.

3. Kuja kwa maandishi

Katika eneo la Mara, kusoma na kuandika kulienea pamoja na misheni. Wakatoliki walifika Nyegina, karibu na Musoma, na Waadventista Wasabato walifika upande wa Majita, wote kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia. Wamenonaiti walianza Shirati mwaka 1934 na kuenea kusini. Kanisa la Kilutheri lilifika baadaye sana, na leo lina Dayosisi ya Mara. Pamoja na shule za misheni palikuwa na kazi za mshahara, yakiwemo machimbo ya dhahabu ya Buhemba, na kilimo cha pamba kilicholeta fedha taslimu. Vijana walitoka, wakapata mali isiyokuwa ya ukoo, nao wakajifunza kutuma barua.

Ndipo agizo la mzee likaanza kuingia katika karatasi. Hilo lilikuwa jambo jema. Mzee aliyeshuku kwamba ndugu zake watamnyang'anya mjane wake aliweza kuacha ushahidi usiosahaulika, na baba aliyetaka kumpa binti yake shamba alilolinunua kwa fedha yake aliweza kulisema bila kupigiwa kelele.

Lakini karatasi ilileta maswali matatu ambayo baraza halikuwa nayo. La kwanza: nani ameiandika? Wazee wengi hawakujua kuandika, hivyo aliitwa mwalimu, karani au mwinjilisti, na mzee akabonyeza dole gumba juu ya maneno asiyoweza kuyasoma. La pili: imetunzwa wapi? Neno lililosemwa barazani lilikaa kwa watu wote, bali karatasi hukaa katika sanduku moja, na sanduku hukaa katika nyumba moja. La tatu: nani alikuwapo? Wahenga walisema, "Asiyekuwapo na lake halipo." Mwana aliyekuwa kazini mbali alirudi kwenye msiba na kukuta mambo yamekwisha kuandikwa na waliokuwapo. Tangu hapo ubishi ukabadilika. Zamani watu waliulizana, "Mzee alisema nini?" Sasa wakaanza kuuliza, "Nani alimfanya mzee aseme hivi?"

4. Mwaka 1963: mila yaandikwa, baraza laondolewa

Mwaka 1963 ni wa kukumbukwa katika historia hii. Katika mwaka huo Serikali ya Tanganyika huru ilifuta utawala wa machifu, na mwaka 1964 mahakama za mwanzo zikachukua nafasi ya mahakama za wenyeji. Katika mwaka huohuo wa 1963 mila zenyewe ziliandikwa kuwa sheria. Msingi wa kazi hiyo uliwekwa na Hans Cory, mtaalamu wa mila mwenye asili ya Austria, aliyekuwa ametumikia serikali ya kikoloni na kufanya uchunguzi pia katika Wilaya ya Musoma. Cory alifariki mwaka 1962, na matunda ya kazi yake yakatoka katika Tangazo la Serikali Na. 279 na Na. 436 ya mwaka 1963. La pili ndilo linalohusu ulinzi wa watoto, urithi na wosia kwa makabila yanayofuata upande wa baba.

Kanuni za wosia katika Tangazo hilo zastahili kusomwa na kila mchungaji. Wosia wa mdomo hushuhudiwa na watu wasiopungua wanne, wawili wa ukoo na wawili watu baki, yaani wasio wa ukoo. Wosia wa maandishi, kama mwenye kuutoa anajua kusoma na kuandika, huhitaji mashahidi wasiopungua wawili, mmoja wa ukoo na mmoja mtu baki. Kama hajui, huhitaji wanne, nao wote wawe wanaojua kusoma na kuandika. Mke au wake waliopo nyumbani wakati huo nao hushuhudia. Aidha, wosia waweza kukataliwa ikiwa mtoaji hakuwa na fahamu zake kwa sababu ya ugonjwa au ulevi, au alisukumwa na hasira ya ghafla.

Tukiyatafakari masharti hayo tutaona kwamba waliyoyatunga walijaribu kuliingiza baraza la kale ndani ya karatasi. Shahidi wa ukoo hulinda masilahi ya ukoo, na mtu baki humlinda mzee dhidi ya ukoo wake mwenyewe. Mke aliyepo hawezi kusema baadaye kwamba hakusikia, wala wengine kusema kwamba alikuwa peke yake na mzee. Katika Tangazo hilo hatukuti fundisho refu juu ya ushawishi usiofaa, kwa sababu dawa iliyochaguliwa ni kinga: pawe na watu wa pande mbili, nao wasikie.

Kanuni za kumnyima mtu urithi zinafuata nia hiyohiyo. Mrithi aweza kunyimwa kwa makosa mazito, kama kuzini na mke wa mzee, kujaribu kumwua au kumshambulia mzee au mama yake, au kukataa bila sababu kumtunza mzee wakati wa njaa au ugonjwa. Sababu hutajwa waziwazi, na anayenyimwa hupewa nafasi ya kujitetea mbele ya mzee au baraza la ukoo. Aliyejua kwamba amenyimwa, naye akanyamaza mzee akiwa hai, hana nguvu ya kulalamika baada ya kifo.

Hapa ndipo lilipo fumbo tulilolitaja mwanzoni. Sheria yasema kwamba kutomtunza mzee mgonjwa ni sababu ya kukosa urithi. Basi mzee akimwandika kwa wingi aliyemtunza, amefuata mantiki ya mila. Lakini wale waliokuwa mbali wataliona tendo hilohilo kuwa ni ushahidi kwamba mtunzaji alimshawishi. Utunzaji ule ule umekuwa hoja ya pande zote mbili.

5. Mpaka kati ya kushawishi na kulazimisha

Wakristo wengi hawafahamu kwamba kuna sheria nyingine inayoweza kutumika katika mirathi yao. Waingereza walileta Tanganyika Sheria ya Urithi ya India ya mwaka 1865, nayo iliendelea kutumika baada ya Uhuru. Sheria ya mwaka 1961 inayoeleza ni sheria zipi zitumike mahakamani ilifanya mila kuwa kanuni ya kawaida kwa wenyeji, ila pale ambapo mwenendo wa maisha ya marehemu au nia yake vilionyesha kwamba aliiacha mila. Kwa msingi huo, mwaka 1969 Mahakama Kuu iliamua kwamba mirathi ya Mkristo mmoja Mngoni, aliyeishi Dar es Salaam mbali na maisha ya kwao, iendeshwe kwa sheria ile ya mwaka 1865. Ubatizo peke yake haumtoi mtu katika sheria ya mila. Mahakama hutazama jinsi alivyoishi. Jambo hili lina matokeo yake, kwa kuwa mahakama ya mwanzo husikiliza mirathi ya kimila na ya Kiislamu tu.

Sheria ya mwaka 1865 yasema wazi kwamba wosia uliopatikana kwa hila, kwa kulazimisha, au kwa usumbufu unaomwondolea mtu uhuru wake ni batili. Kisha yatoa mifano, nayo ni ya kufundishia kweli. Mtu akimtishia mwingine kwamba atamwua au kuchoma nyumba yake asipoandika apendavyo, wosia huo ni batili. Mgonjwa aliyechoka kabisa, akisumbuliwa hata akaandika ili tu apate kuachwa apumzike, wosia wake ni batili. Lakini mtu mwenye uwezo wa kuamua, akisihiwa sana na kushauriwa, naye kwa uamuzi wake huru akalikubali shauri hilo, wosia wake ni halali. Hata yule anayemhudumia mzee na kumsifu kwa kutumaini urithi, hubatilishi wosia kwa sababu hiyo tu. Kwa hiyo sheria haihukumu usafi wa nia ya mtunzaji. Yauliza swali moja tu: je, mzee alibaki huru?

Mahakama za Uingereza, ambazo fikra zake zilirithiwa na mahakama zetu, zilijenga juu ya msingi huo. Katika shauri la Barry na Butlin la mwaka 1838 ilisemwa kwamba, mtu akiandika wosia ambao yeye mwenyewe unamnufaisha, mahakama iutazame kwa shaka na makini. Katika shauri la Parfitt na Lawless la mwaka 1872, padre aliyeishi katika nyumba ya waumini wake aliachiwa mali na mama wa nyumba ile. Iliamuliwa kwamba ushawishi katika wosia haudhaniwi kwa sababu tu ya uhusiano wa kiroho. Anayedai sharti athibitishe. Lakini katika shauri la Allcard na Skinner la mwaka 1887, lililohusu zawadi zilizotolewa na mtu aliye hai kwa kiongozi wake wa kiroho, ilisemwa kwamba uhusiano huo huzaa dhana ya ushawishi, na ni juu ya aliyepokea kuonyesha kwamba mtoaji alikuwa huru. Mchungaji aone hapo jinsi sheria inavyoijua nguvu ya vazi lake.

Waislamu, ambao ni jirani zetu mjini Musoma na kwingineko, wana kinga ya namna nyingine. Kwa sheria yao wosia hauvuki theluthi ya mali, wala hauwezi kumwongezea mrithi bila warithi wenzake kuridhia. Hivyo anayemshawishi mzee hana mengi ya kupata.

6. Nani hushtakiwa?

Mwenye kuangalia magomvi haya kwa utulivu ataona kwamba shtaka la ushawishi halimwangukii kila mtu kwa usawa. Humwangukia hasa mke mdogo, mjane asiye na mtoto wa kiume, na binti aliyerudi nyumbani kumwuguza baba au mama. Mwana wa kiume akiandikiwa shamba, watu husema baba amemkumbuka mwanawe. Binti akiandikiwa shamba hilohilo, husemwa kwamba amemlisha mzee maneno. Shtaka hili laweza basi kuwa kweli, na laweza pia kuwa vazi la desturi ya kale isiyotaka mwanamke apate ardhi.

Mahakama Kuu huko Mwanza, ambako rufaa za Mara nazo zilikuwa zikipelekwa kabla Mahakama Kuu haijawa na kanda Musoma, ilikutana na jambo la jinsi hii. Mwanamke mmoja wa Kagera alikuwa amerithi ardhi ya ukoo kwa wosia halali wa baba yake. Alipoiuza kwa mtu asiye wa ukoo, mtoto wa ndugu yake alipinga kwa hoja ya mila. Mwaka 1990 Jaji James Mwalusanya aliamua, kwa kutegemea haki za binadamu zilizoingizwa katika Katiba mwaka 1984, kwamba mwanamke ana haki sawa na mwanamume juu ya ardhi hiyo. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 nayo ilibatilisha mila inayowanyima wanawake haki ya ardhi. Hata hivyo kanuni za mwaka 1963 hazikufutwa, na mwaka 2015 kamati ya Umoja wa Mataifa inayosimamia haki za wanawake iliilaumu nchi yetu kwa shauri la wajane wawili walioumizwa na kanuni hizo.

Katika Mara ardhi yenyewe ina historia ya kuhamishwa. Operesheni ya vijiji ya mwaka 1974 iliwatoa watu katika viwanja vya baba zao na kuwapanga upya. Baadaye wengi walirudi kudai mahame. Kwa hiyo wosia unaotaja "shamba langu" waweza kuamsha ubishi wa nyumba mbili, wa ukoo na kijiji, na hata wa miaka ya kabla na baada ya kuhama. Katika ubishi huo mrefu, ni rahisi kumtafuta mtu mmoja wa kulaumiwa, na aliye karibu kuliko wote ni yule aliyekuwa kando ya kitanda.

Lakini tusiegemee upande mmoja. Wapo wanaowafungia wazee ndani, wanaowakataza ndugu wasimwone mgonjwa, wanaomnyima dawa au chakula mpaka atie dole gumba. Wazee wa namna hiyo nao wana haki mbele za Mungu. Alama za kuangalia ni hizi: mzee alizuiwa kuonana na watu wake, wosia uliandikwa na anayenufaika au aliyetumwa naye, uliandikwa kwa haraka katika siku za ugonjwa mkali, wageuza ghafla, bila sababu, yale aliyoyasema kwa miaka mingi, nao ulifichwa hata siku ya msiba. Alama moja haitoshi kuhukumu. Zikikutana kadhaa, mchungaji asinyamaze.

7. Kanisa lenyewe mbele ya shtaka hili

Shtaka la ushawishi limewahi kuwaangukia watumishi wa Kanisa pia. Mwaka 370 Kaisari Valentinian wa Kwanza alipeleka sheria kwa Damasus, askofu wa Roma, akiwakataza makasisi kuingia katika nyumba za wajane na kupokea mali zao kwa zawadi au wosia. Hieronimo, mwalimu wa Kanisa, alipoandika juu ya sheria hiyo hakumlaumu Kaisari. Alihuzunika kwamba makasisi walistahili kuwekewa sheria kama hiyo. Naye Bwana wetu alikuwa amekwisha kuwaonya waandishi wanaokula nyumba za wajane huku wakisali sala ndefu (Mk. 12:40).

Historia ya Matengenezo nayo inatupa mfano ulio karibu nasi. Mwaka 1542 Martin Luther aliandika wosia kwa mkono wake, bila mwanasheria. Alimwachia mkewe Katharina von Bora shamba la Zülsdorf, nyumba ndogo, na vikombe na vito. Alitaja sababu zake: alikuwa mke mwaminifu, angelipa deni lililobaki, na hakutaka mama awatazamie watoto mikono yao, bali watoto wamtazamie mama. Sheria ya Saksonia haikumpa mjane nafasi kubwa kiasi hicho, nayo ilitaka taratibu ambazo Luther hakuzifuata. Alipofariki mwaka 1546, Kansela Gregor Brück, ambaye hakumpenda Katharina, alishauri kinyume cha matakwa ya mjane huyo. Mtawala Johann Friedrich aliuthibitisha wosia ingawa ulikuwa na dosari ya taratibu, lakini aliweka walinzi wa mjane na watoto.

Mambo mawili yaonekana hapo. Kwanza, mume aliyeacha wosia kwa kumpenda mkewe alijua kwamba watu watasema, na kwa hiyo alieleza sababu zake, na wenzake Melanchthon, Bugenhagen na Cruciger wakatia sahihi. Pili, jina kubwa halikutosha kuziba pengo la taratibu. Wosia wa Luther uliokolewa na hisani ya mtawala, na mjane wa Bunda au Butiama hana mtawala wa kumfanyia hisani hiyo.

8. Wajibu wa mchungaji

Kutokana na historia hii tunapendekeza mambo yafuatayo kwa watumishi walioko kazini na kwa wanafunzi wanaojiandaa:

(a) Mchungaji awafundishe waumini kuandika wosia wakiwa wazima. Wosia wa mtu mwenye afya, aliyeketi barazani kwake, hauwezi kushtakiwa kwa urahisi kama ule ulioandikwa kitandani.

(b) Mchungaji, mwinjilisti au mzee wa kanisa asiandike wosia unaompa yeye, jamaa yake au usharika wake chochote. Muumini akitaka kutoa kwa Kanisa, aitwe mtu mwingine wa kuandika, na jamaa wajue. Vilevile anayenufaika asiwe shahidi. Kwa sheria ya mwaka 1865 shahidi huipoteza zawadi aliyoandikiwa.

(c) Mashahidi wawe wa pande mbili, wa ukoo na watu baki, na nyumba zote za mzee ziwe na mtu wa kuzisikilizia. Mchungaji anaweza kuwa mtu baki mwema, ikiwa hana fungu.

(d) Kabla ya kutia sahihi au dole gumba, mzee asomewe maneno yote kwa lugha anayoielewa vema, hata kama ni Kizanaki, Kijita au Kikurya, naye ayarudie kwa kinywa chake. Kwa muda fulani mtunzaji atoke chumbani, ili mzee aulizwe faraghani kama hayo ndiyo mapenzi yake.

(e) Mzee aeleze sababu, hasa anapompa mmoja zaidi au kumnyima mwingine, na anayenyimwa aitwe asikie. Hili ni gumu, kwa kuwa laleta machozi wakati mzee angali hai. Lakini machozi hayo yaweza kujibiwa, na yale ya baada ya maziko hayana wa kuyajibu.

(f) Shtaka likitokea, mchungaji asiwe hakimu. Yesu mwenyewe, alipoombwa amwambie mtu agawane urithi na ndugu yake, alikataa kufanywa mgawanyi, kisha akaonya juu ya choyo (Lk. 12:13-15). Mchungaji awasaidie wenye shauri wajue mahakama inayohusika, amlinde mjane asifukuzwe nyumbani kabla ya uamuzi, na aseme kweli aliyoiona akiitwa kutoa ushahidi.

9. Hitimisho

Tumeona kwamba agizo la mzazi katika eneo letu lilitoka barazani likaingia katika karatasi, na kwamba mwaka 1963 sheria ilijaribu kuwarudisha watu wa baraza kwa kuwafanya mashahidi. Pale masharti hayo yanapofuatwa, mtunzaji analindwa na shtaka la uongo, na mzee analindwa na mtunzaji mwovu. Pale yanapoachwa, hubaki neno la mtu aliyekuwapo dhidi ya neno la mtu ambaye hakuwapo, na mahakama haina budi kuchagua.

Mabinti wa Selofehadi walipodai urithi wa baba yao, hawakwenda faraghani kwa Musa. Walisimama mlangoni pa hema ya kukutania, mbele ya kuhani, wakuu na mkutano wote, wakasema neno lao, na Bwana akasema kwamba wamenena vema (Hes. 27:1-7). Mzee wa Mara anayetaka kumkumbuka binti aliyemwuguza na afanye vivyo hivyo: aseme mbele ya watu, nasi tulioitwa kushuhudia tusikilize kwa makini na kuyakumbuka maneno yake.